Mbegu Hulala kwa Mikayi

Kila Februari ikielekea ukingoni, watu wa Gatwekera wenye kwao Nyanza huanza kuulizana jambo moja. Utalisikia kwenye foleni ya maji, utalisikia kwa kinyozi, utalisikia kando ya reli wanakokaa mafundi wa viatu: nyumbani wameshatoa mbegu? Anayeulizwa ana kipande cha shamba Siaya au Nyakach au Rachuonyo, na huko ana mke au mama anayetazama mawingu. Jibu la simu ndilo litakaloamua kama Ijumaa usiku atapanda basi au atangoja wiki nyingine. Siku hiyo haimo kwenye kalenda yoyote ya ukutani. Serikali haina habari nayo, makanisa mengi yameikataa, na vijana wengi waliozaliwa hapa Kibera wanaijua kwa jina tu: golo kodhi, siku ya kutoa mbegu.

Ukiisimulia juu juu, ni habari fupi. Mvua ya masika ikianza kunukia, mwenye boma huamua kwamba wakati umefika. Usiku huo hulala katika nyumba ya mikayi, mke wake wa kwanza, na mbegu za msimu hulala humo humo pamoja na jembe. Kukipambazuka, mikayi hutangulia shambani na kutia mbegu za kwanza. Baada yake hufuata nyachira, mke wa pili, kisha reru, wa tatu, kila mmoja kwa zamu yake, kisha wana wa kiume walio na nyumba zao, mkubwa kabla ya mdogo. Mwana hamtangulii baba, wala mke mdogo hamtangulii mkubwa. Anayevunja mpangilio huo anahofiwa kujiletea chira, balaa la kudhoofika mwili linaloweza kumpata yeye au watoto wake. Paul Mboya alipoandika Luo Kitgi gi Timbegi, kilichotoka mwaka 1938, aliziweka mila za boma la Kijaluo kwenye maandishi wakati shule na misheni tayari zilikuwa zimeanza kuzilegeza.

Wanaoizungumzia siku hii leo hukwama kwenye ule usiku na kwenye chira. Wahubiri huukemea usiku, watafiti huuchambua, na vijana huucheka kidogo. Sikuwahi kuona wakiuliza habari za kikapu cha mbegu. Golo kodhi haina ngoma, haina vazi lake, haina hata chakula chake maalumu. Mgeni akipita bomani asubuhi hiyo ataona mwanamke akienda shamba, basi. Yote yaliyo mazuri katika siku hiyo yamo ndani ya kikapu kilicholala karibu na kitanda, na kikapu hicho kilianza kuandaliwa mwezi wa Julai wa mwaka uliopita, kwa kazi ya macho na vidole ambayo mimi sijaona nyingine inayoizidi kwa uangalifu. Kazi hiyo ndiyo ninayotaka kuisimulia polepole, maana naamini ndiyo iliyoibeba sikukuu, na ilipoondoka, sikukuu ilibaki ganda.

Dani, mama yake baba, alikuwa na shamba Gem, kwenye mteremko wa udongo mwekundu unaoshuka kuelekea mto Yala. Alianza kuchagua mbegu mahindi yakiwa bado yamesimama. Wengi huchagua baada ya kuvuna, wakakaa mbele ya lundo na kutoa mahindi makubwa kuliko mengine. Lakini lundo halikuambii hindi limetoka wapi. Bua lililoota kando ya zizi hunenepa kwa samadi. Bua la ukingoni hupata jua bila kugombania. Hindi lake likiwa kubwa, ukubwa huo ni wa mahali, wala hautamfuata mtoto wake shambani mwaka ujao. Kwa hiyo dani alikwenda katikati ya shamba, penye udongo wa kawaida na msongamano wa kawaida, akatafuta bua lililozaa vizuri huku mengine yakilibana pande zote. Alitaka shina nene na kimo cha wastani, kwa sababu mabua marefu mno hulazwa na upepo. Alitaka hindi lililoinamisha kichwa chini, ili maji ya mvua yateleze yasiingie ndani. Mwisho alilishika hindi penye ncha na kuibana kwa vidole viwili, kuhakikisha maganda yamefunga kabisa, maana ncha iliyoachama ni mlango wa ndege na fukusi. Lililofaulu alilifunga kamba ya mkonge ili wavunaji wasilichanganye na mengine.

Nilimwuliza kwa nini anayapita yale ya zizini, yaliyokuwa yamejaa kuliko yote.

"Yale yamelishwa, nyakwara," akasema. "Haya yamejilisha."

Miaka mingi baadaye niliyasoma maneno hayo kwenye kijitabu cha maofisa wa kilimo, kwa lugha ndefu zaidi na kwa mchoro wa shamba lililogawanywa viraka. Walikuwa wanaeleza jinsi ya kutenganisha uzuri unaorithiwa na uzuri unaotokana na rutuba ya mahali. Dani hakuwa amesoma kijitabu.

Jambo la pili ni kwamba hakuchukua mabua machache, hata kama hayo machache ndiyo yaliyokuwa bora kabisa. Alizunguka shamba zima akichukua moja hapa, moja pale, mpaka kamba zikamwishia. Mahindi huzaana kwa upepo. Mbelewele za juu humwaga chavua, upepo ukaipeleka, ikaangukia zile nywele zinazotokeza kwenye ncha ya hindi. Kila unywele umefungamana na punje moja, na kila punje inaweza kuwa imepata chavua yake kutoka kwa bua tofauti. Hindi moja, basi, ni boma la mama mmoja na baba wengi. Ukichukua mbegu kwa mabua mawili matatu tu, baada ya misimu michache ndugu wanazaana na ndugu, mimea inadumaa, mavuno yanashuka, na mwenye shamba anaanza kulaumu udongo. Wingi wa mama ndio unaolinda ukoo.

Na hata baada ya kuvuna na kumenya, alikuwa bado hajamaliza kuwasoma hao baba. Mahindi yake yalikuwa nyamula, ile mbegu ya njano ya zamani ambayo watu wa Siaya na majirani zao wa Vihiga waliitunza kwa sababu hukomaa upesi na huvumilia udongo uliochoka. Aliketi mlangoni akiyageuza juani moja moja. Punje zilizopauka kuliko wenzake zilimwambia kwamba chavua ya mahindi meupe ya jirani ilivuka ua na kuingia. Punje hizo alizing'oa kwa kucha ya kidole gumba, moja baada ya nyingine, akazitupia kwenye sufuria ya nyoyo, tuliyokula jioni. Hindi lililokuwa na nyingi mno alilipeleka lote jikoni. Mwaka uliofuata alisogeza kipande chake cha mbegu mbali na ua ule, na akakipanda mapema kidogo ili mbelewele za jirani zitoke wakati nywele zake zimeshakauka.

Wanawake wanaouza mahindi choma hapa Gatwekera wana nusu ya jicho hilo. Mtazame mmoja akinunua gunia alfajiri: anachana ganda kidogo tu, anabonyeza punje kwa ukucha, na kwa umajimaji unaotoka anajua kama hindi hilo litakuwa tamu kwenye makaa au limeshapita siku zake. Anatafuta hindi la leo. Dani alikuwa anatafuta hindi la mwakani, na la mwaka utakaofuata huo, na kwa hiyo ladha ilikuwa moja tu kati ya mambo aliyoyauliza.

Kukausha kulikuwa na hatua zake. Kwanza jua, siku nyingi, mahindi yakianikwa asubuhi na kuanuliwa kabla ya umande. Kisha maganda yaliyobaki shinani yalirudishwa nyuma na kusukwa mawili mawili, yakatundikwa juu ya kichaga kilicho juu ya mafiga. Moshi wa kila siku uliyapitia. Rangi ya njano iligeuka kahawia, kahawia ikageuka nyeusi ya masizi, na fukusi hawakupenda kukaa hapo. Kupima ukavu, dani aliweka punje kati ya meno ya mbele na kuing'ata: ikibonyea, bado, ikipasuka kwa mlio mkavu, imefika. Siku hizi maofisa wa kilimo hufundisha njia ya chumvi, nayo ni nzuri. Unatia mahindi na chumvi kavu kwenye chupa kavu ya kioo, unatikisa, unaacha kidogo. Chumvi ikigandia ukutani mwa chupa, mahindi bado yana maji. Meno ya dani yalitoa jibu hilo hilo bila chupa.

Mbegu za kunde na maharagwe zilikuwa na matunzo mengine, zilichanganywa na jivu na kufungiwa kwenye chungu. Mtama ulitundikwa na kichwa chake. Mbegu za mboga, dek na osuga na apoth, zilifungwa kwenye vipande vya kitambaa, kila fundo na rangi yake ya uzi.

Chakula chenyewe kilikaa nje, kwenye dero. Sijui kama katika Kibera nzima kuna dero hata moja, na huku halina nafasi, kwa hiyo acha nieleze. Ni kapu kubwa kuliko mtu, lililosimamishwa juu ya mawe ili panya na maji visilifikie. Kulisuka ilikuwa kazi ya wanaume. Fito ngumu husimamishwa kwa duara, kisha fito laini zilizokatwa mbichi hupitishwa nje, ndani, nje, ndani, mzunguko juu ya mzunguko, na fundi huzidi kuupanua mduara kadiri anavyopanda ili kapu litanuke tumboni na kujifunga tena mdomoni. Akikosea mvuto wa fito moja upande mmoja, baada ya wiki kapu litaegemea huko. Ndani hupakwa udongo na samadi. Juu huvishwa kofia ya nyasi isiyofungwa, inayosukumwa juu kwa mti, mtu akaingiza mkono au mtoto akaingia mzima. Kila mke alikuwa na dero lake. Mbegu, hata hivyo, haikuwekwa humo. Chakula kilikaa nje, mbegu ikakaa ndani juu ya moto, na mpaka huo haukuvukwa.

Mpaka huo ndio uliokuwa mgumu kuliko yote. Januari ya mwaka ambao mvua fupi zilikataa, dero huwa tupu kabla ya mvua ndefu kuanza, na familia hupika uji mwepesi kwenye mafiga huku mahindi mazuri kuliko yote waliyowahi kuvuna yakining'inia juu ya chungu, yamekauka, yako tayari, watoto wanayaona. Kutoyagusa ni sehemu ya ufundi sawa na kuyachagua. Na hapa ndipo ninapoielewa sikukuu. Mtu mmoja peke yake, mwenye njaa, mwenye mtoto anayelia, angeyashusha. Lakini yale mahindi yalikuwa na siku yake. Yalikuwa yanangoja usiku wa boma zima, mbele ya mume na wake wenza na wana na wazee waliokufa, na kuyala kabla ya hapo ilikuwa sawa na kuila siku yenyewe. Golo kodhi iliwekwa kama mlinzi mbele ya kichaga.

Utaratibu wa ukubwa nao ulikuwa na faida yake, ingawa si faida ya kila mwaka. Mwishoni mwa Februari mara nyingi hunyesha mvua moja au mbili za kudanganya, kisha jua linarudi wiki nzima. Kijana mwenye haraka hupanda kwenye mvua hizo, mbegu zikaota, zikaungua. Aliyelazimika kumngoja mtu mwenye umri na kumbukumbu ya misimu mingi alikuwa na uwezekano mkubwa zaidi wa kungoja mvua yenyewe.

Sheria ya aina hii, ya kungoja siku, si ya Wajaluo peke yao. Huko Ireland kulikuwa na sikukuu ya mavuno ya kwanza iliyoitwa Lughnasa, na katika vijiji vingi iliangukia Jumapili ya mwisho ya Julai. Mwaka 1962 Máire MacNeill alichapisha kitabu kinene juu yake, The Festival of Lughnasa, kilichokusanya kumbukumbu za wazee kutoka kila upande wa nchi wakati sikukuu yenyewe ilikuwa imeshafifia. Watu walipanda vilima, wakachuma matunda ya porini, na siku hiyo ndipo viazi vya kwanza vilipochimbwa. Aliyechimba kabla alionekana mtu asiyejua kuendesha nyumba yake, hata kama Julai ilikuwa imemkausha tumbo. Leo kinachoonekana zaidi ni mahujaji wanaopanda mlima Croagh Patrick Jumapili hiyo, na wengi wao hawafikirii viazi.

Ninaitaja Ireland kwa sababu nyingine pia. Kiazi hupandwa kwa kiazi, kwa hiyo kila shina ni mwili ule ule wa mzazi wake. Maskini wa Ireland walikuwa wameegemea aina moja iliyozaa sana, Lumper, na ugonjwa wa ukungu ulipoingia mwaka 1845 ulikuta sehemu kubwa ya nchi imepanda mwili mmoja. Watu wapatao milioni moja walikufa katika miaka iliyofuata. Walikuwa na siku ya kuheshimu mavuno, na walikuwa na uvumilivu wa kungoja siku hiyo, lakini ndani ya kikapu mlikuwa na mzazi mmoja tu. Kila ninapokumbuka dani akizunguka shamba zima na kamba zake badala ya kuridhika na mabua matatu bora, nalikumbuka jambo hilo.

Kwetu kilichoiondoa mbegu ya kichagani kilikuja na baraka zake. Kampuni ya Mbegu ya Kenya ilianzishwa Kitale mwaka 1956, na mwaka 1964 ilitoka mbegu chotara iliyoitwa H611, iliyopatikana kwa kuyakutanisha mahindi ya Kitale na aina iliyoletwa kutoka Ecuador. Kazi hiyo nayo ni ufundi mkubwa, na siwezi kuisema vibaya. Ilijaza maghala. Wakulima wadogo waliipokea kwa hiari yao, na watoto wengi wa nchi hii, nikiwemo mimi, walisomeshwa kwa mahindi hayo. Ila chotara ina sharti lake: nguvu yake iko kwenye kizazi cha kwanza. Ukitunza punje zake na kuzipanda tena, watoto hawafanani. Mmoja mrefu, mmoja mfupi, mmoja amechelewa, na mavuno yanapungua. Kwa hiyo kila msimu unarudi dukani.

Fikiria basi siku ya kutoa mbegu katika boma linalonunua. Mume ameshuka kwenye basi asubuhi. Mchana anapitia duka la agrovet sokoni, ananunua pakiti ya kilo mbili, punje zimepakwa dawa ya rangi ili wadudu wasizile ardhini. Huwezi kuzitundika juu ya chungu, huwezi hata kuzishika kisha ukala bila kunawa mikono. Usiku analala kwa mikayi kama desturi ilivyo, na pakiti inalala pembeni. Asubuhi mikayi anatangulia. Kila kitu kimefanywa kwa mpangilio, na bado mtu anahisi kwamba kuna kitu hakikutolewa, kwa sababu hakikuwamo. Mbegu hiyo haikuchaguliwa na mtu yeyote wa boma hilo. Haikukaa miezi saba juu ya moto wao. Hakuna aliyeinyimwa akiwa na njaa. Kanisa lilibishana na golo kodhi tangu Waadventista walipofika Gendia mwaka 1906, na sikukuu ikastahimili mabishano. Pakiti haikubishana nayo hata siku moja.

Sitaki kumfanya mtu aamini kwamba kila kilichoondoka kilifaa kubaki. Utaratibu wa golo kodhi uliwaumiza wajane, na umewaumiza mbele ya macho yetu. Mwanamke aliyefiwa na mume alitakiwa kwanza awe na mwanamume wa kumwingiza katika msimu, na wapo walioisubiri ruhusa hiyo mpaka mvua ikapita, wakavuna mabua matupu, wakalala njaa na watoto wao kwa kosa la kufiwa. Wapo waliolazimishwa mambo ambayo hayapaswi kulazimishwa kwa binadamu. Boma zilizoamua kwamba mjane ataingia shambani kwa sala ya alfajiri na jembe lake mwenyewe zimefanya haki, na ardhi haikuwakasirikia. Najua pia wanaume wa hapa Gatwekera waliokosa nauli, wakapiga simu kwa mama zao na kusema, "Anzeni," na nyumbani wakakubali kwamba neno hilo linatosha. Mpangilio unaweza kubadilika namna hiyo bila kupoteza kitu. Ufundi wa kuchagua haukuhitaji kumwumiza yeyote.

Na ufundi wenyewe hauwezi kurudi ulivyokuwa. Kufikia mwanzo wa miaka ya 1980 alikuwa ameingia mdudu mpya katika Afrika Mashariki, kutoka Amerika ya Kati. Alianza kuonekana Tabora, na mwaka 1983 akapatikana upande wa Taveta. Tanzania walimwita dumuzi, na wengine skania. Wakulima wa Kenya baadaye walimpa jina la Osama. Mdudu huyu hutoboa hindi kavu kama fukusi asivyoweza, hugeuza punje unga, na akimaliza hutafuna fito za ghala. Moshi wa kichaga peke yake haumtoshi. Anayetaka kutunza mbegu leo huikausha mpaka mlio wa meno, kisha huifungia ndani ya chombo kisichoingiza hewa, pipa la bati au mifuko ile ya tabaka kadhaa, ili mdudu akose pumzi. Dani angeipenda mifuko hiyo. Hakuwa mtu wa kupenda moshi kwa sababu ya moshi.

Ambacho kingemshangaza yeye, kama angeishi kukiona, ni sheria. Mwaka 2012 Bunge lilirekebisha Sheria ya Mbegu na Aina za Mimea, na ikawa kosa kuuza au kubadilishana mbegu ambazo hazijasajiliwa na kuthibitishwa. Adhabu iliweza kufika kifungo cha miaka 2 au faini ya shilingi milioni 1. Kwa maandishi hayo, mama wa Gem aliyempa jirani vikombe vitatu vya nyamula ili arudishiwe baada ya mavuno alikuwa mhalifu. Mwaka 2022 wakulima wadogo waliipeleka serikali mahakamani, na Novemba 2025 Mahakama Kuu ya Machakos ikasema vifungu hivyo vinakiuka Katiba. Nilipozisoma habari hizo nilifurahi kama mtu aliyerudishiwa kitu cha nyumbani kwao.

Huko Muguga, si mbali na Nairobi, tangu mwaka 1988 kuna benki ya taifa ya mbegu, na maelfu ya aina za mimea ya nchi hii zimehifadhiwa humo kwenye baridi kali. Nashukuru kwamba ipo. Lakini mbegu iliyogandishwa haijifunzi chochote. Haioni mvua zinavyobadilika, haikutani na kayongo, lile gugu la maua ya zambarau linalonyonya mizizi ya mahindi na mtama, wala haichaguliwi na mtu aliyeona ni bua gani lilisimama msimu mbaya. Hiyo ndiyo kazi inayohitaji mikono mingi katika mashamba mengi.

Na katika magunia. Baada ya ghasia za uchaguzi, mwaka 2008, shirika la Solidarités lilianza kuwafundisha watu wa Kibera kupanda mboga kwenye magunia yaliyojazwa udongo, na mawe katikati ya kupitishia maji. Gunia moja, tundu nyingi ubavuni, mche mmoja kila tundu. Wengi hupanda sukuma wiki na spinachi kwa mbegu za duka. Lakini hapa Gatwekera kuna mama, karibu na ninapokaa, ambaye magunia yake yana dek na osuga tu, na mbegu zake zilitoka Ugenya kwa mama yake, zikiwa zimefungwa kwenye pembe ya leso. Nimemtazama akifanya kazi. Mmea wa dek ulio bora hauchumi hata jani moja. Anauacha upite, utoe maua, utoe vitumba vyembamba kama sindano. Vitumba vikianza kugeuka njano anavipitia kila asubuhi, kwa sababu vikikauka kupita kiasi hupasuka vyenyewe na mbegu hutawanyika, na vikikatwa mapema mbegu hazioti. Kuna siku mbili tatu za katikati ambazo ndizo zenyewe. Anazijua kwa kukiinamisha kitumba kwenye kidole. Anakata, anatandika gazeti kitandani kwa sababu nje hakuna pa kuanika, anasugua kwa viganja, anapepeta kwa pumzi yake mwenyewe kwenye kifuniko cha sufuria, na mbegu nyeusi ndogo zinabaki.

Hakuna mikayi hapo, wala nyachira. Yeye ni mjane na anaishi na wajukuu wawili. Ila hapandi kabla hajampigia simu mama yake Ugenya na kusikia kwamba huko mbegu zimetolewa, na mwaka huu nilimsikia akiuliza kwanza mvua ilikuwa ya aina gani na ardhi imelowa mpaka wapi, maswali ya mtu anayejua anachouliza. Majirani humwomba mbegu, na hampi mtu kikombe. Humpa kiasi cha ncha ya kijiko, anamweleza zile siku mbili tatu za kitumba, na anamtajia sharti: ukivuna, niletee mara mbili ya hizi, na ziwe za mimea mingi, zisitoke kwenye mmoja.